Umedhulumiwa pesa Kenya: polisi, Mahakama ya Madai Madogo au wazee?

Mwaka 2020 polisi wa Kenya waliandikisha visa 69,645 vya uhalifu. Mwaka 2023 vilifika 104,842, na 2024 vikashuka kidogo hadi 101,220. Ukizisoma nambari hizo mbio mbio utadhani nchi imeharibika kwa miaka mitatu. Lakini 2020 ulikuwa mwaka wa kafyu na baa zilizofungwa, watu wamejifungia majumbani, kwa hiyo ulikuwa chini kuliko kawaida. Tena hesabu hiyo ni ya mambo yaliyoingia vitabuni kama jinai tu. Mama aliyempa mtu 40,000 za kumletea mchele, akafika kituoni akaambiwa "hilo ni deni, nendeni mkaelewane", hayumo.

Wengi wanaodhulumiwa pesa wako katika hali ya huyo mama, na kwao kuna milango mitatu: kesi ya jinai kupitia polisi, kesi ya madai katika Mahakama ya Madai Madogo, na usuluhishi wa wazee au chifu. Kosa tunaloliona mara nyingi ni mtu kuingia mlango wa kwanza akitafuta kitu kinachopatikana mlango wa pili. Anataka pesa zake, anafungua kesi ya kumfunga mtu, miaka miwili inaisha hana pesa na mshtakiwa ameachiliwa.

Kwanza, alikwambia nini hasa?

Tuseme umemlipa fundi wa vyuma 65,000 akutengenezee geti. Geti halikuja, simu hashiki. Je, huo ni utapeli au ni deni?

Jibu linategemea maneno yake siku ile alipopokea pesa. Kifungu cha 312 cha Kanuni ya Adhabu kinasema ulaghai ni kutoa habari ya uongo kuhusu jambo lililokwisha kuwa au lililopo sasa. Fundi akikwambia "vyuma viko tayari karakana, vinasubiri kukatwa tu", na kumbe hakuna hata kipande, huo ni uongo juu ya jambo lililopo, na kifungu cha 313 kinaweza kumpeleka jela hadi miaka 3. Akikwambia "nitanunua vyuma Jumatatu" kisha Jumatatu akalipia karo ya mtoto, hiyo ni ahadi iliyovunjwa. Ahadi ya kesho, hata ikiwa ya hovyo namna gani, peke yake haimfanyi mtu kuwa tapeli mbele ya hakimu wa jinai.

Kesi nyingi za "kupata pesa kwa njia ya ulaghai" huvunjikia hapo. Mlalamishi anasimama kizimbani na kusema "aliniahidi", wakili wa upande wa pili anaandika neno hilo na kulizungushia duara, na baada ya mashahidi wawili hakimu anaona hakuna kesi ya kujibiwa. Kwa hiyo kabla hujaenda popote, keti uandike maneno yake kadiri unavyoyakumbuka, pamoja na tarehe na mahali. Ukikuta yote yanaanza na "nita-", mlango wako ni wa madai.

Swali la pili: unamjua ni nani na anapatikana wapi? Mtu aliyekupigia simu akijifanya wakala, ukatuma pesa, ukabaki na nambari tu, huwezi kumshtaki katika Madai Madogo. Kesi ya madai inahitaji jina na mahali pa kumpelekea samansi. Hapo polisi ndio njia pekee, kwa kuwa wao wanaweza kuomba amri ya mahakama ya kufungua taarifa za laini na akaunti. (Ikiwa ulikosea nambari ya M-Pesa tu, hakuna kesi hapo. Sambaza ujumbe huo kwa 456 mara moja, kabla aliyezipokea hajazitoa.)

Mlango wa polisi

Unapeleka habari kituoni, inaandikwa kwenye kitabu cha matukio, unapewa nambari ya OB. Hulipi chochote. Usiondoke bila nambari hiyo, na uone jinsi afisa alivyoiandika. Tofauti kati ya "alidanganya kwamba ana gari la kuuza, akapokea 180,000" na "anamdai fulani 180,000" ni ndogo kwenye karatasi, ila ya pili itakaa kitabuni mpaka uchoke, kwa sababu hakuna afisa wa kukabidhiwa deni.

Baada ya OB unaandika taarifa. Isomwe yote kabla ya kutia sahihi. Ikiandikwa kwa Kiingereza na hukukielewa vizuri, omba utafsiriwe neno kwa neno, maana wakili wa mshtakiwa atakuuliza kwa nini ulichosema kizimbani hakifanani na ulichosaini. Afisa wa uchunguzi akikusanya ushahidi, faili inakwenda kwa Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma. Tangu Katiba ya 2010, huyo ndiye anayeamua kama kuna kesi, si polisi. Mshukiwa akikamatwa lazima afikishwe mahakamani ndani ya saa 24, na ana haki ya dhamana. Watu hukasirika wakimwona mtaani wiki hiyo hiyo na kusema kesi imeuzwa. Pengine hakuna kilichouzwa, Katiba ndiyo ilivyo.

Kinachoharibu kesi hizi ni mambo ya kawaida kabisa. Afisa anahamishwa na faili inabaki kabatini. Picha za mazungumzo ya WhatsApp zinaletwa bila cheti kinachotakiwa na kifungu cha 106B cha Sheria ya Ushahidi, cheti kinachoeleza nani alizichapa, kwa kifaa gani, na kwamba kifaa kilikuwa kinafanya kazi sawasawa. Mlalamishi anachoka kuja: akikosa kufika siku ya kusikilizwa bila sababu, kifungu cha 202 cha Sheria ya Mwenendo wa Jinai kinamruhusu hakimu kumwachilia huru mshtakiwa, na mlango huo umefungwa.

Halafu kuna lile la usiku. Jamaa za mshtakiwa wanakuja na nusu ya pesa ndani ya bahasha, wanataka "uiondoe kesi". Kuomba kuondoa lalamiko kunaruhusiwa na kifungu cha 204 cha sheria hiyo hiyo, lakini ni hakimu anayekubali, na akikubali mshtakiwa anaachiliwa huru kabisa. Hawezi kurudishwa kwa kosa lile lile hata nusu iliyobaki isipoonekana. Tena kwa makosa mazito kama wizi, kupokea malipo kwa mapatano ya kuficha kosa au kuacha kushtaki ni kosa lenyewe. Ikiwa mnataka kupatana, yasemwe mbele ya kiongozi wa mashtaka, yaandikwe, na pesa zote zilipwe kabla ya ombi la 204, si baada.

Je, mahakama ya jinai inaweza kukurudishia pesa? Inaweza. Kifungu cha 175 cha sheria hiyo hiyo kinampa hakimu uwezo wa kuamuru fidia baada ya kumtia mtu hatiani. Lakini inabidi kwanza atiwe hatiani, bila shaka yoyote ya maana, na hakimu aone inafaa. Mwambie kiongozi wa mashtaka mapema kwamba unaomba fidia, mpe hesabu kamili na risiti. Wengi husubiri waulizwe.

Mlango wa Madai Madogo

Sheria yake ni ya 2016, na mahakama ya kwanza ilianza kazi Milimani, Nairobi, Aprili 2021. Kikomo ni shilingi 1,000,000. Inachukua mikataba ya kuuza na kununua bidhaa au huduma, pesa alizokabidhiwa mtu akazikalia, uharibifu wa mali, kurudisha mali inayohamishika, na fidia ya majeraha. Haichukui mgogoro wa shamba, kashfa, wala mshahara. Anayedai mshahara ana mahakama yake ya kazi, na kwa pwani yetu tuongeze: Kadhi hushughulikia ndoa, talaka na mirathi baina ya Waislamu, si deni la duka, hata kama mnasali msikiti mmoja.

Ukidai zaidi ya milioni unakwenda kwa hakimu wa kawaida: hakimu mkazi anasikiliza hadi milioni 5, na ngazi zinapanda hadi hakimu mkuu mwenye kikomo cha milioni 20. Usijaribu kuligawa deni la milioni moja na nusu liwe kesi mbili. Litatupwa.

Kazi yenyewe inaanza kabla ya mahakama. Andika barua ya madai: kiasi, kilitokana na nini, na siku unazompa, saba au kumi na nne. Itume kwa njia inayoacha alama. Kisha tafuta jina halisi la unayemshtaki, na hapa watu wengi huanguka. "Baraka Furniture" iliyoandikwa ukutani si mtu, na huwezi kumkamatia mali mtu asiyekuwepo. Tafuta kwenye usajili wa biashara kupitia eCitizen. Ikiwa ni jina la biashara tu, unamshtaki mwenyewe kwa jina lake akifanya biashara kwa jina hilo. Ikiwa ni kampuni, hati ya CR12 itakuonyesha wakurugenzi, na unaishtaki kampuni, si mkurugenzi uliyekunywa naye chai. Jina linalotokea ukilipia kwa till ni kidokezo kizuri cha pa kuanzia.

Madai yanawasilishwa kwa mtandao wa mahakama, kwa fomu iliyotayarishwa. Ukiwa huna kompyuta, karani wa mahakama au saibaa itakusaidia, lakini usimwachie wa saibaa akuandikie kisa. Andika mwenyewe, aya fupi fupi: tulikubaliana nini, nilitoa nini, hakufanya nini, nadai ngapi. Ambatisha taarifa kamili ya M-Pesa au benki ya miezi inayohusika (picha ya ujumbe mmoja haitoshi), mkataba ukiwepo, mazungumzo, na ile barua ya madai. Mahakama hii haifungwi sana na kanuni za ushahidi, ila cheti cha 106B kiambatishe tu. Ni ukurasa mmoja, na kinakuepushia mabishano.

Mdaiwa akishapewa samansi ana siku 15 za kujibu. Aliyeipeleka aape kwa maandishi namna alivyomkabidhi: saa ngapi, wapi, alimtambuaje. Samansi iliyoachwa kwa mlinzi wa geti inaweza kuwa sababu ya hukumu kufutwa baadaye, mdaiwa akija na kusema hakujua lolote. Asipojibu, unaomba hukumu bila kumsikiliza.

Anayesikiliza ni mwamuzi, wakili wa Mahakama Kuu mwenye uzoefu wa miaka isiyopungua 3. Wakili wako si lazima. Kesi inatakiwa isikilizwe siku baada ya siku na kumalizika ndani ya siku 60 tangu iwasilishwe, na hukumu itoke ndani ya siku 3 baada ya kusikilizwa. Hizo siku 60 si mapambo. Majaji wa Mahakama Kuu wametofautiana juu ya hukumu iliyotolewa zikiwa zimepita: wengine wameiona haina nguvu, wengine wameiacha isimame. Kwa hiyo anayeomba kuahirisha ni mdaiwa mjanja, na wewe mdai usimuunge mkono hata kwa adabu. Shahidi wako akisafiri, tafuta njia ya mtandao. Rufaa ni juu ya hoja ya sheria tu na inaishia Mahakama Kuu.

Kwa upande wa kiwango cha ushahidi, hapa unatakiwa kuonyesha kwamba maelezo yako yanaelekea kuwa kweli kuliko yake. Yule fundi wa geti na "nitanunua Jumatatu" zake, aliyeshinda kwa hakimu wa jinai, hapa anashindwa asubuhi moja.

Kwa ufupi, ana kwa ana

| | Polisi | Madai Madogo | Wazee au chifu |
|---|---|---|---|
| Unachopata | Adhabu, labda fidia | Hukumu ya pesa | Mapatano |
| Lazima umjue? | Hapana | Ndiyo, jina na mahali | Ndiyo, na akubali kuja |
| Gharama yako | Nauli na muda | Ada, samansi, dalali | Kidogo, kutegemea mahali |
| Muda | Miezi hadi miaka | Siku 60, kisha kukazia hukumu (kulazimisha alipe) | Siku chache hadi wiki |
| Nani anaamua kuendelea | Mkurugenzi wa Mashtaka | Wewe | Nyote wawili |

Hukumu si pesa

Jambo hili watu huambiwa wamechelewa. Ukishinda Madai Madogo unapewa amri, na amri hailipi kodi ya nyumba. Mdaiwa akikaidi, unaomba hati ya kukamata mali, na dalali wa mahakama mwenye leseni anakwenda kuziorodhesha. Zipo asizoweza kugusa: nguo, matandiko na vyombo vya kupikia vya lazima, na vifaa vya kazi anavyotafutia riziki. Yule fundi anaweza kuwa na mashine ya kuchomelea ya bei nzuri na usiipate. Mshahara unaweza kukatwa, ila theluthi mbili ni zake. Pesa zilizo benki zinaweza kuzuiliwa kwa amri, ukiijua benki. Hundi ya zamani aliyokupa au nambari ya akaunti aliyokutumia siku moja ina thamani kuliko unavyodhani, usiifute.

Kumfunga kwa deni kunawezekana, lakini lazima uonyeshe kwamba anazo na hataki. Asiyekuwa nazo hafungwi. Na chakula chake gerezani unakilipia wewe mdai.

Basi kabla hujafungua kesi ya 70,000, uliza: ana kazi, gari, duka, akaunti? Asipokuwa na kitu, hukumu yako itakuwa karatasi. Si karatasi bure, kwani inaweza kukaziwa kwa miaka 12, na watu hupata kazi, ila usitumie 30,000 kuitafuta.

Wazee na chifu

Kifungu cha 159 cha Katiba kinazitaka mahakama zikuze upatanisho na njia za jadi, na sera ya mifumo mbadala ya haki ilizinduliwa Agosti 2020. Hazikubaliwi pale zinapovunja haki za msingi au kwenda kinyume cha Katiba. Kwa madeni ya jirani, mifugo iliyokula mahindi, pikipiki iliyogonga ukuta, hii ndiyo njia ya haraka kuliko zote, kwa sababu anayedaiwa anaogopa aibu ya mkutano kuliko samansi.

Udhaifu wake ni kukosa nguvu ya kulazimisha. Chifu hana mamlaka ya kuhukumu deni, wala ya kumweka mtu ndani mpaka alipe, wala ya kukamata televisheni. Akifanya hivyo, wewe uliyemtuma unaweza kujikuta mdaiwa. Na yapo yasiyopelekwa huko kabisa. Kosa la kingono halisuluhishwi kwa ng'ombe wala kwa pesa. Sheria ya Makosa ya Kingono ya 2006 haimpi mzazi wala mzee ruhusa ya kuisimamisha kesi. Ugomvi wa makofi ni tofauti: kifungu cha 176 cha Sheria ya Mwenendo wa Jinai kinaruhusu mahakama kuhimiza upatanisho kwa shambulio dogo la kibinafsi. Hata hapo, jaza fomu ya P3 (fomu ya polisi ya kuandikia majeraha) kwanza na ukapimwe, kidonda hakisubiri wazee wakubaliane tarehe.

Kuchanganya, na kwa mpangilio gani

Huna haja ya kuchagua mlango mmoja ukafunga mingine. Kifungu cha 193A cha Sheria ya Mwenendo wa Jinai kinasema kesi ya jinai haisimamishwi kwa sababu tu jambo hilo hilo liko katika kesi ya madai. Lakini nia ina uzito: Mahakama Kuu imesimamisha mashtaka mara kadhaa ilipoona jinai inatumika kama fimbo ya kudaia deni. Ujumbe wako wa "lipa kabla ya Ijumaa au nakuweka ndani" utasomwa kwa sauti mahakamani.

Ikiwa alidanganya juu ya jambo lililopo na unamjua, andikisha OB wiki hiyo hiyo, kisha barua ya madai, kisha Madai Madogo bila kungoja jinai iishe. Ikiwa alivunja ahadi tu, ruka polisi. Ikiwa ni jirani au shemeji, anza kwa wazee, lakini wape tarehe ya mwisho, kwa sababu saa inatembea: madai ya mkataba yana miaka 6, na ya uharibifu au majeraha yana 3 tu.

Kikao cha wazee kinaweza kukufaa hata kisipoleta shilingi. Deni likikubaliwa kwa maandishi na kutiwa sahihi na mdaiwa, miaka huanza kuhesabiwa upya tangu siku hiyo. Kwa hiyo msiondoke kikaoni na kupeana mikono tu. Iandikwe: "Mimi fulani, kitambulisho nambari fulani, nakiri kudaiwa 65,000 na fulani, nitalipa 10,000 kila tarehe 5", asaini yeye na mashahidi wawili, na nakala moja ibaki kwako.